Mgomba wa Urefu wa Shem

Satellite, lakini si ile unayoijua
21 Oktoba 2024

Dada yangu Nasimiyu,

Salamu kwako na kwa mke wangu Joyline, na kwa wote wa Kabiria wanaouliza habari zangu. Natumai hamjambo. Mimi ni mzima wa mwili, kwa hilo usiwe na shaka. Ila naomba ukae chini kabla hujaendelea kusoma. Kama una nguo kwenye mashine, maliza mshono huo kwanza.

Jumatatu ile tarehe saba niliondoka nyumbani bila kunywa chai kwa sababu nilipigiwa simu kwamba lifti namba mbili ya Jumba la Pamba imekwama tena. Nilikuwa ndani yake peke yangu, kati ya orofa ya nne na ya tano, nikiisikiliza. Lifti ile ina umri unaotuzidi sisi wote wawili, na imekuwa ikikwama hapo hapo tangu niajiriwe. Sisi mafundi tukikuta nati imelegea tunasema inacheza. Siku hiyo si nati iliyokuwa ikicheza. Ni mahali penyewe. Ukuta, hewa, kelele za wachuuzi kutoka chini barabarani, vyote vilikuwa vinacheza kidogo. Halafu lifti ikashtuka, ikapanda, mlango ukafunguka.

Orofa ya tano ina vigae vya kijani, nimevikanyaga miaka tisa. Nilikuta vigae vyekundu. Kule chini mlangoni hakuwapo Musembi mlinzi wetu, alikuwapo mzee nisiyemjua. Simu yangu haikupata mtandao. Nilitembea kwa miguu mpaka Kabiria, na pale ilipo nyumba yangu pana mahali pa kuoshea magari. Joyline nilimwona siku ya tatu, sokoni Kawangware, akichagua nyanya. Alinipita kama anavyompita mtu yeyote.

Kichwani nilikuwa na namba moja tu, ile ambayo sikuwahi kuifuta. Niliomba simu kwa mama mmoja muuza makaa nikaipiga. Dada, Mama alishika. Mama yetu, tuliyemzika Kimilili miaka mitano iliyopita alipouawa na ugonjwa wa sukari. Akasema, "Shem? Ni wewe? Uko wapi, mtoto wangu?" Nikamrudishia mwenye simu. Yule muuza makaa ndiye aliyemwelekeza mahali nilipo.

Hii ni Nairobi nyingine. Sina neno bora zaidi. Shem wa huku naye alikuwa fundi wa lifti, akapotea ndani ya lifti hiyo hiyo miaka miwili iliyopita. Mama anaamini ni yeye aliyerudi, na mimi sijamwambia kitu. Kampuni imenirudisha kazini, nalala kwa Mama mtaani Satellite, kila asubuhi napanda kwenye lifti ile nikitafuta njia.

Kijumba cha lifti ni kimoja, huku na huko. Nimekijua kwa kadi ya ukaguzi iliyo ndani, ile tunayotia sahihi kila tukiihudumia. Ina sahihi zangu, na sahihi za Shem wa huku. Ikikwama pale, mlango hufunguka kiasi na naona vigae vyenu vya kijani. Mkono wangu unapita mpaka begani. Mwili unakataa. Barua hii naiweka nyuma ya kadi, labda karatasi itakubaliwa.

Mwambie Joyline nakuja.

Ndugu yako,
Shem


Satellite
6 Januari 2025

Kwa dada yangu Nasimiyu,

Heri ya mwaka mpya, wewe na nyumba yako. Mguu wako bado unauma ukikanyaga mashine kutwa? Naandika kana kwamba utanijibu, lakini barua ya kwanza bado iko nyuma ya kadi, na lifti ya huku ndiyo inayosogea peke yake. Ya kwenu ni kama imelala. Labda mmeizima. Naiacha pale na hii naiweka juu yake.

Nimeanza daftari la mahali panapocheza. Si lifti tu. Nyuma ya maduka ya Satellite kuna kona ambapo redio ya kinyozi hutangaza vifo vya watu walio hai. Kanisani Kabiria kuna benchi la tatu kutoka nyuma, ukikaa unasikia ibada nyingine chini ya hii, wimbo ule ule ukiwa umechelewa ubeti mmoja. Watu wamezoea, wanahama benchi tu. Lakini hayo ni matundu ya sauti. Mtu hapiti pale.

Krismasi nilienda na Mama Kimilili. Dada, huku wewe hukukua. Ulikufa kwa surua ukiwa na miaka mitatu. Kaburi lako liko nyuma ya jiko, dogo, na Mama hulipalilia yeye mwenyewe kabla hajaingia nyumbani kusalimia mtu. Ndiyo maana Mama wa huku hajui kushona. Kwetu mashine ile aliinunua akajifunza ili akufundishe wewe, na huku hakuwa na wa kumfundisha.

Ananipikia mboga ya mrenda na samaki mkavu kila Jumapili. Nakula, nalala, naitwa mtoto. Najiona mwizi.

Nifikishie salamu kwa Joyline. Asiuze zana zangu.

Shem, ndugu yako


Satellite
18 Machi 2025

Dada Nasimiyu,

Sijui kama hali yenu ni njema, na leo sitazungusha maneno. Kuna jambo limetokea.

Jumamosi tarehe kumi na tano, kama saa saba mchana, nilikuwa ndani ya lifti ikiwa imekwama pale pale. Mkono wangu wa kulia ulikuwa umepita mpaka begani kama kawaida. Ghafla mlango ukaanza kufunga, polepole, bila injini kuwaka. Nilitoa mkono kwa nguvu, ngozi ya kiwiko ikabaki. Tangu siku hiyo mlango unafunguka upana wa kidole kimoja, basi. Naona mstari mwembamba wa kijani.

Nimekagua kila kitu, kebo, reli, breki. Lifti haina kosa. Kosa liko upande wenu. Ni nini kilifanyika Jumamosi ile, saa saba?

Ndugu yako,
Shem


Kabiria
3 Aprili 2025

Ndugu yangu Shem,

Bwana asifiwe. Mkono unaniandikia vibaya, utanisamehe. Mimi sijambo, Joyline hajambo, na wewe uko hai, na sijui nianzie furaha au nianzie kosa.

Ulipopotea mwenye jumba aliifunga lifti na kuizimia umeme. Iliwashwa Jumatatu hii tu, fundi mpya alipokuja kuikagua. Alipotoa kadi atie sahihi, barua tatu zikaanguka. Musembi alizichukua, akapanda gari mpaka kwangu Kabiria na sare yake ya kazi. Alisimama mlangoni na kofia mkononi, akasema, "Sista, hii ni handwriting ya Shem. Ningekupigia simu lakini hii si maneno ya simu." Nikazisoma zote tatu kwa mpigo, miezi yote sita, na nguo ya mteja ikiwa imeshikwa na sindano.

Shem, Jumamosi ile saa saba tulikuzika.

Nilikataa muda mrefu, naomba uamini hivyo. Lakini watu wa Joyline walikuja mara mbili kuuliza kama binti yao ni mke au ni mjane, kwa sababu hakuna aliyejua amweke wapi, wala yeye mwenyewe hakujua. Baba Mkubwa Zachariah naye figo zimemshika, akasema hawezi kufa akiacha mtoto wa mdogo wake hana kaburi. Akaniambia, "Nasimiyu, mtu akipotea na mwili haupatikani, tunampa mgomba uzikwe badala yake. Ukimwacha hivyo hivyo atatangatanga, na nyinyi mtatangatanga naye." Nikakubali. Mimi ndiye niliyesema ndiyo.

Na nikafanya zaidi ya kusema ndiyo. Vijana walikata mgomba nyuma ya jiko kule Kimilili, wakauvika suti yako ya harusi ili uingie kwenye sanduku. Suruali ikaburuta. Mimi ndiye niliyeshona suti ile, vipimo vyako viko kwenye daftari langu, futi tano na inchi kumi. Nilipouona mgomba umekuwa mfupi niliona kama wanamzika mtu mwingine. Nikapiga kelele mbele ya wazee wote. Nikawaambia, kama ni Shem awe Shem, tafuteni mwingine. Haukupatikana mwingine mrefu vya kutosha, basi wakaung'oa mmoja na kitako chake cha chini ardhini, kile chenye mizizi, kwa sababu ukiwa na kitako ulifika futi tano na inchi kumi kamili. Baba Mkubwa alinuna, akasema mgomba wa kuzika hukatwa, haung'olewi. Lakini niling'ang'ania, wakaniachia.

Nilikuzika kwa vipimo sahihi, ndugu yangu. Nilijivunia jambo hilo. Sasa nimeelewa mlango wako ulifungwa na nani.

Niufiche wapi tena uso wangu?

Dada yako,
Nasimiyu


Satellite
11 Aprili 2025

Dada,

Barua yako ilipita. Niliikuta nyuma ya kadi saa tatu asubuhi, nikaisomea pale pale ndani ya lifti, na watu wa orofa ya saba wakanisubiri mpaka wakatumia ngazi.

Siku mbili sikutaka kukujibu. Nilikasirika. Nilikuwa hai, nasukuma mlango kila siku, na nyinyi mlikuwa mnakula wali wa matanga. Siwezi kuandika kwamba sikukasirika.

Siku ya tatu Mama aliniuliza mbona sili. Nikamwangalia, na nikakumbuka kwamba yeye wazee walimwendea mara tatu na mgomba, na mara tatu aliwafukuza. Alisema akizika mgomba, nani atamfungulia Shem mlango akirudi. Ndiyo maana huku kulikuwa na nafasi yangu. Nafasi ya Shem iliachwa wazi miaka miwili, lifti ikacheza, nikaangukia ndani yake. Nadhani hivyo ndivyo inavyokuwa. Ukuta huu haulegei kwa ajili ya chuma tu, unalegea pale mtu anapokuwa hajaagwa.

Kama mlinifunga kwa jembe, labda jembe litafungua. Unaweza kuufukua? Najua nakuomba jambo zito. Hakuna mtu kwetu amewahi kufukua kaburi la ndugu yake.

Joyline amesema nini? Niambie ukweli.

Shem


Kabiria
23 Aprili 2025

Ndugu yangu Shem,

Pasaka njema, ingawa imeshapita. Natumai mkono umepona. Tumerudi jana kutoka Kimilili.

Uliuliza habari za Joyline. Alisoma barua zako, akaenda akavua kile kitambaa cheusi nilichomshonea, akakikunja vizuri akanirudishia. Halafu akasema, "Mimi naenda na wewe. Mimi ndio nitashika jembe ya kwanza." Na kweli alishika.

Tulifukua Jumamosi ya Pasaka. Baba Mkubwa aliletewa kiti, akakaa mbali kidogo akigeuzia kaburi mgongo, kwa sababu alisema hawezi kutazama na hawezi pia kutuacha peke yetu. Tulipofika kwenye sanduku mbao za upande wa kichwa zilikuwa zimeachana. Nilijua tutakuta uozo. Shem, tulikuta chipukizi. Lilikuwa limetoka kwenye kile kitako, jeupe kwa kukosa jua, limesukuma mbao na kupita kwenye kola ya koti lako, na ncha yake ilibakisha kama shibiri mbili kufika juu.

Nilikaa chini kwenye udongo. Joyline alilia kwa sauti. Baba Mkubwa akauliza, "Kuna nini huko?" Tukamwambia. Akageuka, akatazama, akasema, "Mgomba wa kuzika hukatwa. Niliwaambia." Halafu akaanza kucheka huku machozi yanamtoka, mzee wa watu, akaomba aletewe maji.

Kwa hiyo hukuwahi kufungwa sawasawa. Nadhani ule upana wa kidole ulitokana na hapo. Mgomba tumeuhamisha, tumeupanda nyuma ya jiko mahali pake pa kwanza, na shimo tumelifukia likiwa tupu.

Mimi sijui mambo ya lifti, lakini nguo nazijua. Kitambaa hakichakai popote tu, kinachakaa kwenye kiwiko na kwenye goti, pale mtu anaporudiarudia. Lifti ile imepita pale miaka hamsini. Na nguo iliyochakaa ukiivuta upande mmoja tu haiachii, kama upande wa pili kuna mtu ameshika. Tazama nani ameshika huko.

Jambo jingine. Musembi amesikia mwenye jumba akizungumza na watu wa lifti mpya. Hii ya zamani inang'olewa Jumanne tarehe tatu Juni. Usikawie.

Dada yako,
Nasimiyu


Satellite
9 Mei 2025

Dada Nasimiyu,

Salamu kwenu nyote, na kwa Baba Mkubwa hasa. Mwambie nimecheka naye.

Tangu Jumamosi ya Pasaka mlango umerudi ulivyokuwa. Mkono unapita mpaka begani. Na hapo begani ndipo unaponiacha, siku baada ya siku. Nimejaribu kwa upande, kwa mgongo, kwa kuinama. Ulisema kweli, kuna anayeshika.

Jumapili baada ya chakula nilimwambia Mama. Nilianza vibaya, nilianza na kebo na reli. Akaniacha nizunguke mpaka nikachoka. Kisha akasema, "Shem wangu ana kovu ya sufuria hapa mkononi, aliungua akiwa class two. Wewe hauna. Niliona siku ya kwanza ukinawa mikono." Nikamuuliza mbona alinyamaza miezi saba. Akasema, "Uliniita Mama. Ningesema nini?"

Akainuka akakaa jikoni mpaka jioni. Alikuwa akiosha vyombo vilivyokuwa vimeshaoshwa. Akaja akaniuliza kuhusu yule wa upande wenu, yaani yeye mwenyewe, alikufaje, nani alikuwa naye. Nikamweleza kwamba wewe ulikuwa umemshika mguu. Akauliza mara mbili kama ni wewe kweli. Alikaa na habari hiyo zaidi ya nyingine zote.

Kisha akaniambia nikuandikie. Anataka vipimo vyangu, vile vya kwenye daftari. Sikumuuliza ni vya nini. Nadhani najua, na nadhani nawe utajua, na nakuomba usiniambie nimzuie kwa sababu nimeshajaribu.

Ndugu yako,
Shem


Kabiria
14 Mei 2025

Shem,

Natumai mko salama wote wawili.

Nimeketi na daftari hili tangu asubuhi. Naandika vipimo, halafu naona ninachofanya, naacha. Namwambia mwanamke aliyebakiwa na kitu kimoja namna ya kukizika ili mimi nipate changu. Ningekuwa na moyo mzuri ningekwambia ukae naye. Moyo huo sina. Nakutaka nyumbani, na Joyline anakutaka nyumbani, na nimeona aibu lakini aibu haijanibadilisha.

Urefu futi tano na inchi kumi. Bega kumi na nane. Kifua thelathini na nane. Mkono ishirini na tano. Mwambie akate juu ya kitako, asiache mzizi. Mwambie nimepiga magoti nikiandika.

Nasimiyu


Satellite
28 Mei 2025

Binti yangu Nasimiyu,

Hujambo, mwanangu? Mimi sijambo, miguu tu inanivimba kidogo lakini ni kawaida ya umri. Barua hii siiweki kwenye lifti. Nampa Shem mkononi, kwa hiyo ukiisoma ujue amefika, na ukikosa kuisoma hakuna ubaya kwa sababu hutajua kwamba niliiandika.

Usipige magoti. Vipimo vimefika, ni vizuri, vinasomeka. Kesho nasafiri Kimilili. Wazee wameshaambiwa. Walishangaa, kwa sababu mimi ndiye niliyewafukuza mara tatu, na sasa mimi ndiye ninayewaita. Mgomba utakatwa juu ya kitako, nitausimamia mwenyewe. Tutauzika Jumamosi saa nne asubuhi, na Shem atakuwa ndani ya lifti saa hiyo. Amesema Musembi wenu atafungua geti.

Niliposema siziki niliamini ninamngoja mtoto wangu. Labda nilikuwa ninamngoja kweli, mwaka wa kwanza. Baadaye nilikuwa nimeshika tu, na kumbe kwa kushika nilimvuta mtoto wa mwenyewe. Na huyo mwenyewe ni mimi, na nimeshakufa, siwezi hata kuja kumdai. Nimecheka peke yangu kwa jambo hilo.

Sitakudanganya kwamba sina uchungu. Nina uchungu mwingi sana. Miezi hii saba nimepika kwa ajili ya mtu. Wangu, popote alipo, hajawahi kuombewa kama marehemu, na kama amekufa nimemnyima miaka miwili na nusu ya kupumzika. Huyu wako amenisaidia kuweza kusema kwaheri kwa yule wangu. Mwangalie asile chumvi nyingi. Anapenda kuficha kikohozi.

Sasa nina ombi moja. Wewe kwangu una miaka mitatu. Ulikufa ukiwa umevaa gauni la njano nililokununulia kubwa makusudi, ili ulikulie. Lilikuwa linakuburuta, nikawa nalikunja chini kwa pini. Miaka thelathini na minne nimekuwa nikijiuliza lingekutosha lini. Shem ananiambia umekuwa mwanamke mrefu lakini wanaume hawajui kupima kwa macho. Kama kuna njia, nitumie vipimo vyako. Nataka tu kujua ulifika wapi.

Mungu akuweke.

Mama yako,
Philister


Kabiria
2 Juni 2025

Mama,

Shikamoo. Sijaliandika neno hilo kwa miaka mitano. Natumai ulirudi Satellite salama, na miguu imepungua kuvimba. Ukilala weka mto chini yake, mama wa kwetu ulimsaidia.

Amefika. Jumamosi, kama Shem alivyotuandikia, mimi na Joyline tulisimama orofa ya tano kwenye vigae vya kijani tangu saa tatu, Musembi akiwa chini kwenye swichi. Saa nne na dakika ishirini lifti ilikwama, tukasikia mtu akikohoa ndani, kule kukohoa kwa kuficha. Mlango ukafunguka wote. Hakusukuma, alitoka tu kama mtu anayetoka kazini. Joyline alimshika kabla yangu, na mimi nikashika mkono uliobaki. Barua yako aliitoa mfukoni akiwa bado hajasalimia, akasema uliagiza iwe ya kwanza.

Nimekuonea huruma, Mama, na nimefurahi, yote mawili kwa saa moja. Sijui namna nyingine ya kukwambia. Saa nne na dakika ishirini wewe ulikuwa unatupa udongo.

Leo ni sikukuu, jumba limefungwa, lakini Musembi ametufungulia. Ameipandisha lifti mara sita na haijakwama hata mara moja. Inapita pale kati laini kabisa. Shem ameweka mkono ukutani akasikiliza, akatikisa kichwa, akasema hapachezi tena. Kesho wanaing'oa. Hata hivyo barua hii naiweka nyuma ya kadi.

Mgomba wetu umeshika. Una majani manne. Baba Mkubwa anaamka kuutazama kabla ya kumeza dawa.

Fundi hawezi kujipima mwenyewe mgongo, kwa hiyo Shem ndiye aliyenipima, jana baada ya ibada, na Joyline akaandika. Bega kumi na tano na nusu. Kifua thelathini na nane. Kiuno thelathini na tatu, unisamehe, napenda chapati. Mkono ishirini na tatu. Kutoka begani mpaka gotini, arobaini. Gauni la njano lingenitosha nikiwa na miaka mitano, kwa hesabu yangu, na mwaka wa saba ungelifumua pindo lote. Nilisimama na mgongo umegusa mlango, bila viatu, Shem akaweka rula juu ya kichwa changu kama ulivyokuwa ukifanya. Nimefika futi tano na inchi nne, Mama.

Mtoto wako,
Nasimiyu